Ukuta mmoja, hati mbili: mgogoro wa ardhi kwenye eneo la viwanda unafumbuliwaje?

Kwenye maeneo ya viwanda ya Tanzania, kuanzia Chang'ombe na Barabara ya Nyerere jijini Dar es Salaam hadi Nyakato kule Mwanza, maneno "mgogoro wa ardhi" yamegeuka kapu la kubebea kila kitu. Uzio wa jirani ukiingia upande wa pili, mgogoro wa ardhi. Kampuni mbili zikishika barua za kiwanja kimoja, mgogoro wa ardhi. Semitrela ya mmoja ikiziba geti la mwenzake, hiyo nayo mgogoro wa ardhi. Siku inapofunguliwa kliniki ya ardhi, yaani siku maofisa wa ardhi wanapokaa sehemu moja kusikiliza malalamiko, wote hao hupanga foleni moja na bahasha zao kwapani, na wengi hurudi wameambiwa "nenda kule". Hawakufukuzwa. Wamepiga hodi nyumba isiyo yao.

Ndani ya kapu hilo mna magomvi manne tofauti: la mstari wa mpaka, la kiwanja kimoja kutolewa mara mbili, la njia na matumizi, na la upangaji. Kila moja lina ushahidi wake na ofisi yake. Ila kabla ya kuyagusa, tuzitazame karatasi, maana nusu ya kelele hutoka kwa watu wawili walioshika karatasi za aina mbili na kila mmoja anaiita yake "hati".

Chaki, mkasi, posa na ndoa

Kwa Sheria ya Ardhi Na. 4 ya 1999, ardhi yote nchini ni ya umma na Rais ndiye mdhamini wake. Kampuni haipewi udongo. Inapewa haki ya kuutumia kwa muda uliotajwa, kwa kawaida miaka 33, 66 au 99, pamoja na masharti: ujenge nini, ndani ya muda gani, na ulipe kodi ya pango la ardhi kila mwaka.

Haki hiyo haishuki siku moja. Kwanza maofisa mipango miji huchora eneo: hapa viwanda vizito, hapa vyepesi, hapa barabara, hapa mtaro wa maji ya mvua. Mchoro huo ni kama chaki ya fundi cherehani juu ya kitambaa. Unaonyesha nia, haujakata kitu. Mkasi ni upimaji. Mpima huenda uwanjani, hupanda bikoni, yaani alama ya mpaka, kwenye kila kona na kuandika kodineti, yaani namba zinazosema kona hiyo iko wapi. Ramani yake huidhinishwa na Mkurugenzi wa Upimaji na Ramani na kupewa namba ya usajili. Ndipo kiwanja hugawiwa na mwombaji hupata barua ya toleo, ile ambayo mtaani huitwa "ofa". Mwisho ni hati miliki, iliyosajiliwa kwa Msajili wa Hati, ikiwa na ramani ya kiwanja ndani yake.

Toleo na hati havilingani uzito. Toleo ni posa iliyokubaliwa: una ahadi, una malipo ya kukamilisha na siku zinahesabika. Hati ndiyo cheti cha ndoa. Mwenye barua ya toleo aliyeifungia kabatini miaka kumi, hakulipa tozo wala kufuatilia hati, yuko pabaya zaidi ya anavyojidhania, hata kama kweli alipewa kwanza.

Ugomvi wa mstari: mpima kabla ya wakili

Huu ndio mwingi, na ndio rahisi kuumaliza ukianza vizuri. Hapa hakuna anayekana kwamba mwenzake ana kiwanja. Wanabishania mstari unapita wapi.

Sababu zake ni za kawaida mno. Bikoni ziling'olewa na greda wakati wa kusawazisha eneo, au zikafukiwa na kifusi. Fundi aliyejenga uzio wa kwanza alifuata ukingo wa mtaro akidhani ndio mpaka. Au viwanja vilipimwa vipindi viwili tofauti, kwenye ramani mbili, na mistari haikukutana: ama imepishana, ama imeacha kati yake kipande chembamba kisicho cha mtu, ambacho kila upande unaapa ni chake.

Siku hizi kuna chanzo kipya, simu. Mtu anafungua programu ya ramani, anasimama kwenye kona ya ukuta, anasoma namba, analinganisha na zile za kwenye hati, kisha anatangaza vita. Mitego ni miwili. Kwanza, simu ya kawaida hukosea mita kadhaa hata mahali peupe, na hukosea zaidi kandokando ya ukuta mrefu au paa la mabati, yaani mahali penyewe viwanda vilipo. Huwezi kutafuta kosa la mita moja kwa kipimo kinachokosea mita tano. Pili, ramani nyingi za upimaji za zamani nchini zilikokotolewa kwa mfumo uitwao Arc 1960, ilhali simu hutumia WGS84. Namba zilezile, zikisomwa kwenye mifumo hiyo miwili, huangukia sehemu zilizoachana karibu mita 300. Ndiyo maana kuna wanaoingiza kodineti za hati ya zamani kwenye simu, wakaona kiwanja chao kiko katikati ya uwanja wa shule, na kuondoka wakiamini wametapeliwa.

Utaratibu unaofaa huanza masijala. Kila upande uchukue nakala iliyothibitishwa ya ramani ya upimaji iliyosajiliwa, si fotokopi ya ramani iliyobanwa ndani ya hati. Angalieni namba ya ramani. Kama viwanja vyote viwili vimo kwenye ramani moja, mstari kati yenu ni mmoja tu kimaandishi, na kazi iliyobaki ni kuurudisha ardhini. Kama viko kwenye ramani mbili, mwambieni mpima mapema, kwa sababu kazi yake imebadilika: lazima atazame kwanza kama ramani zenyewe zinapatana.

Kisha ajirini mpima mmoja, wenye viwanja nyote wawili. Mpima wako na mpima wake wataleta ripoti mbili, na ripoti mbili ni ugomvi mpya juu ya ule wa zamani. Awe mpima aliyesajiliwa au mpima wa halmashauri. Andikeni barua moja, mtie saini nyote, itaje swali linaloulizwa ("mpaka kati ya kiwanja namba fulani na fulani, kitalu fulani, unapita wapi, na ukuta uliopo umeuvuka kwa kiasi gani?") na mgawanyo wa gharama. Bila barua hiyo, atakayeshindwa atasema mpima alikuwa wa mwenzake.

Uwanjani, kufufua bikoni hakuanzii kwenye ukuta unaogombewa. Mpima huanzia kwenye nukta za uhakika, ziwe alama za msingi za upimaji au bikoni za viwanja vya jirani ambazo hazijaguswa, na huhitaji nukta ya ziada ya kuhakiki asije akajenga juu ya bikoni ambayo nayo ilihamishwa. Muulizeni ameanzia wapi. Akijibu "kona ya geti lenu", msimamisheni. Siku ya kazi wawepo wawakilishi wa kampuni zote mbili na mtu wa serikali ya mtaa kama shahidi, na wote wasaini kumbukumbu ya walichokiona. Atakayeng'oa bikoni ili kusaidia hoja yake anatenda kosa la jinai kwa Sheria ya Upimaji Ardhi, hata kama iko ndani ya uzio wake.

Ripoti lazima iwe na tarakimu. Tuseme mpaka una urefu wa mita 100. Ukuta ukiingia mita 1.2 kuanzia mbele hadi nyuma, eneo lililoliwa ni mita za mraba 120. Ukiingia kimshazari, sifuri mbele na mita 1.2 nyuma, ni pembetatu, na eneo ni mita za mraba 60. Madai ya fidia huvimba hapo hapo: mtu huchukua upana mkubwa kuliko wote, akauzidisha kwa urefu wote, akapeleka hesabu hiyo kwa wakili.

Mpima aonyeshe pia hifadhi ya barabara, yaani ardhi iliyotengwa kwa ajili ya barabara kandokando yake. Sheria ya Barabara ya 2007 ilipanua hifadhi ya barabara kuu na za mikoa kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande, kuanzia katikati ya barabara. Hutokea majirani wawili wakatafunana miaka mitatu kwa ajili ya kipande cha mbele chenye maegesho, na kipande chenyewe kiko ndani ya hifadhi ya barabara.

Kiwanja kimoja, matoleo mawili

Hili ni ugomvi wa aina nyingine kabisa. Ni sawa na abiria wawili ndani ya basi la Mwanza, kila mmoja ana tiketi ya siti namba 14, ya tarehe ileile. Kuangaliana kwa hasira hakusaidii, maana si wao waliokata tiketi. Lazima kiitwe kitabu cha aliyekata.

Ofisi hukata tiketi mbili kwa njia kadhaa. Mchoro wa mipango miji hubadilishwa, viwanja vinapangwa upya na kupewa namba mpya, lakini barua zilizotoka kwa namba za zamani haziitwi kurudishwa. Kwa hiyo kiwanja namba 14 cha mmoja na namba 22 cha mwingine vinaweza kuwa udongo uleule, na ukitazama karatasi peke yake hutagundua. Pengine kiwanja cha asiyekiendeleza hupewa mtu mwingine bila miliki ya kwanza kufutwa kisheria. Au mamlaka hubadilika na majalada yanahama: Dodoma, CDA (Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu) ilivunjwa Mei 2017 na kazi zake zikahamia halmashauri ya manispaa, na uhamisho wa namna hiyo wa kumbukumbu ni mahali ambapo toleo la zamani huweza kufichika.

Nani anashinda? Msimamo wa Mahakama ya Rufani ni kwamba mwenye hati iliyosajiliwa huhesabiwa mmiliki halali mpaka ithibitike kwamba hati hiyo ilipatikana isivyo halali. Hilo "mpaka ithibitike" ndipo kesi zinaposimama au kuanguka. Kama wa kwanza alitolewa kiwanja kihalali, akalipa, akatimiza masharti, na haki yake haikufutwa, basi mamlaka haikuwa na kitu cha kumpa wa pili. Huwezi kugawa ulichokwisha kugawa. Kwa hiyo swali si nani ana karatasi yenye muhuri mzuri zaidi. Swali ni historia ya jalada.

Historia hiyo hutafutwa sehemu mbili. Kwa Msajili wa Hati unafanya upekuzi rasmi, unapata jina la aliyesajiliwa, tarehe, rehani za benki na vizuizi vilivyowekwa. Ofisi ya ardhi unaomba kupitia jalada la kiwanja: toleo la kwanza la tarehe ipi, malipo yalifanyika lini, kuna ilani ya kuvunja masharti, kuna tangazo la kufutwa kwa miliki, namba ya kiwanja ilibadilika lini na kwa mchoro upi. Ukimaliza upekuzi na una shaka, weka kaveti, yaani zuio linaloandikwa kwenye daftari la hati, kwa Msajili ili kiwanja kisihamishwe wala kuwekwa rehani kimyakimya wakati mnazozana. Kaveti haikupi ushindi. Inazuia mwenzako asiuze basi mkiwa bado mnabishania siti.

Kuna imani nne zinazowaponza watu hapa. "Nimejenga kwanza": kujenga kwanza kunaonyesha nia njema na huenda kukakupa fidia ya maendelezo, lakini hakugeuzi toleo batili kuwa halali. "Mimi ndiye nalipa kodi ya ardhi": risiti ni ushahidi wa kulipa, si wa kumiliki. "Mwenyekiti wa mtaa alisaini": mwenyekiti anaweza kushuhudia, lakini hana mamlaka ya kugawa kiwanja kilichopimwa mjini. Ya nne ndiyo ngumu, "nimekaa miaka 12, ni changu". Miaka 12 ni ukomo wa muda wa kufungua shauri la kudai ardhi kwa Sheria ya Ukomo. Lakini mkaaji anayetaka kujikinga nayo lazima athibitishe kwamba alikalia waziwazi, mfululizo, bila ruhusa ya mwenye haki. Aliyeruhusiwa na jirani kuweka makontena "kwa muda", au mpangaji, hawezi kuugeuza ukarimu huo kuwa umiliki. Mwenye haki naye asilalie masikio. Miaka 12 ikipita akiwa kimya, atakuwa ameanza safari na pancha.

Suluhu ya toleo mbili mara nyingi ni kiwanja mbadala au fidia kutoka kwa mamlaka iliyokosea. Anayekubali kiwanja mbadala akague mambo matatu kabla ya kusaini: ukubwa, umeme wa kiwandani na barabara inayobeba semitrela. Mita za mraba 4,000 zisizofikika kwa lori si mbadala wa mita 4,000 zilizo kando ya lami.

Njia, mtaro na upangaji

Ugomvi wa njia na matumizi hauhusu nani mmiliki. Unahusu afanyavyo mmiliki ndani ya kiwanja chake: ameziba mtaro, anatiririsha maji machafu, ameanzisha kuyeyusha chuma kwenye kiwanja cha ghala. Tazama masharti ya hati na matumizi yaliyoandikwa humo, kisha nenda ofisi ya mipango miji ya halmashauri, au NEMC, baraza la taifa la mazingira, ikiwa ni uchafuzi. Kama unapita kwenye kiwanja cha jirani kufika kwako, msitegemee maelewano ya mdomo. Haki ya njia iandikwe, ichorwe upana wake, isajiliwe, la sivyo siku kiwanda cha jirani kikiuzwa, mnunuzi atafunga geti.

Upangaji ndio unaosahaulika zaidi. Aliyepanga banda kwenye eneo la SIDO, shirika la viwanda vidogo, au sehemu ya kongani ya viwanda, kwa kawaida hana hati ya ardhi. Hati mama iko kwa mwenye eneo. Wapangaji wawili wakigombania uwanja wa kushushia mizigo, hakuna mpaka wa kupima. Kuna mikataba miwili na kiambatisho chenye mchoro, na wa kuandikiwa barua ni mwenye eneo. Someni pia kifungu cha migogoro: mikataba mingi ya namna hii hupeleka ugomvi kwa msuluhishi kwanza, na ukikimbilia mahakamani shauri linaweza kusimamishwa mrudi mlikotoka.

Mlango upi

Mazungumzo yakishindikana, shauri la ardhi kabla ya kufika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya hupita Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya 2021, Baraza la Kata halitoi hukumu, linasuluhisha tu. Likishindwa hutoa cheti cha kushindwa, na siku 30 zikipita bila suluhu mlalamikaji anaweza kuendelea bila cheti. Wapo bado wanaokuja na "hukumu ya kata" ya juzi kama ushindi.

Baraza la Wilaya nalo lina kikomo. Kwa marekebisho ya 2016, mashauri ya kurejeshewa ardhi yasizidi thamani ya shilingi milioni 300, na mengine yanayokadirika yasizidi milioni 200. Kiwanja cha viwanda kwenye lami huvuka hapo kirahisi, na kikivuka ni Mahakama Kuu. Kukadiria chini ili kubaki wilayani ni akiba ya uongo: suala la mamlaka linaweza kuibuliwa hata kwenye rufaa, na kazi yote ikabatilishwa. Rufaa kutoka Baraza la Wilaya hukatwa ndani ya siku 45.

Kwenye toleo mbili, kumshtaki jirani peke yake ni kosa la kawaida na la gharama. Aliyetoa kiwanja ni mhusika wa lazima. Lakini halmashauri au wizara ikiingia, inatakiwa notisi ya siku 90 kabla ya kufungua shauri, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na Wakili Mkuu wa Serikali, Mwanasheria Mkuu aunganishwe, na shauri liende Mahakama Kuu. Jirani akiwa anamwaga zege wakati siku hizo 90 zinahesabika, wakili anaweza kuomba zuio la muda la kuacha hali ilivyo. Msibomoe ukuta wake wenyewe usiku. Kesho yake mtakuwa ninyi washtakiwa.

Mambo mawili madogo huua mashauri makubwa. Moja ni kutoeleza kiwanja ipasavyo kwenye maombi. Andika namba, kitalu, eneo, ukubwa na waliopakana nanyi, maana amri ya kukabidhi "eneo lililopo jirani na kiwanda cha mabati" haitekelezeki. Jingine ni maoni ya wazee wa baraza, wale washauri wanaokaa na mwenyekiti wa Baraza la Wilaya. Yasiposomwa mbele ya wadaawa, yaani pande mbili za kesi, hukumu iliyochukua miaka hubatilishwa na shauri huanza upya. Mwulize wakili wako siku hiyo hiyo kama yamesomwa.

Mkipatana

Wengi hupatana, hasa kwa mstari. Mwenye ukuta ananunua ile mita 1.2, au anakodi, au anapewa miezi kadhaa ya kuuvunja. Ila mkataba wa mauziano hauhamishi mpaka. Kipande lazima kimegwe kwa kibali, kipimwe upya, kiunganishwe na kiwanja cha mnunuzi, na hati zote mbili zirekebishwe kwa Msajili. Kama mojawapo iko rehani, benki itoe ridhaa kwa maandishi kabla ya mpaka kuguswa, kwa sababu dhamana yake inapungua ukubwa. Fedha zilipwe kwa awamu, na awamu ya mwisho ibaki hadi hati zilizorekebishwa zitoke. Mkishapata hati hizo, chimbieni bikoni mpya ndani ya zege, mbali na njia ya malori, na mchoro wa mahali zilipo ukae kwenye jalada la kampuni zote mbili.